Sentensi Fupi za Mzee Farouk

Mshiriki namba kumi na moja alikuwa anashuka. Raya aliuona mstari wake asubuhi, ofisini Buswelu, kabla hajajua ni mstari wa nani. Mistari mingi kwenye grafu ilipanda kidogo na kushuka kidogo, kama inavyotarajiwa kwa watu wenye siku nzuri na siku mbaya. Huu ulikuwa umeanza juu kuliko yote, ukakaa huko miezi kadhaa, kisha ukaporomoka.

Utafiti ulikuwa wa Raya tangu wazo hadi bajeti. Kila mwezi wazee waliokubali kushiriki, kutoka Ilemela, Kirumba na Igogo, walisimulia jambo lolote mbele ya kinasa sauti. Maneno yao yaliandikwa yote, halafu programu ya kompyuta ikaichora kila sentensi kwa matawi, kama wanafunzi wa sekondari wanavyochanganua sentensi ubaoni, ili ionekane kishazi kipi kimebebwa na kipi. Raya hakujali wazee walisimulia nini. Alichotaka ni kujua waliweka nini ndani ya nini, na kwa kina gani. Tafiti za kwingine zilikuwa zimeonyesha kwamba kwa baadhi ya watu sentensi hupoteza matawi miaka kadhaa kabla ndugu hawajagundua kuwa kumbukumbu inapungua. Raya alitaka kujua kama ni hivyo pia kwa Kiswahili cha wazee wa Mwanza. Ikiwa ni hivyo, mgonjwa angeweza kutambuliwa mapema kwa kumsikiliza tu.

Ili matokeo yasiharibike, wazee waliambiwa tu kwamba lugha yao inachunguzwa. Akelo, msichana wa Rorya aliyewarekodi na kuyaandika maneno yao, naye hakuambiwa kinachopimwa. Na Raya alifanya kazi kwa namba. Majina alikuwa nayo Akelo.

Alifungua maandishi ya mwisho ya namba kumi na moja.

"Nilikata turubai. Nikalishona. Mwenyewe akaja. Akalichukua. Alifurahi."

Raya alimjua fundi mmoja tu wa maturubai Igogo aliyekubali kushiriki. Raya aliisoma mistari ile mara ya pili, akafunga kompyuta, akaketi akitazama mawe ya mlima ng'ambo ya dirisha. Alikuwa baba yake.

Mzee Farouk alishona maturubai ya boti na viti vya pikipiki kwenye kibanda karibu na ziwa, mahali palepale baba yake alipokuwa akishonea. Kwa kazi alisifiwa. Kwa maneno alitaniwa. Hakuwa na sentensi, walisema majirani, alikuwa na safari. Ukimuuliza bei, alikupitisha kwanza kwa aliyeuza kitambaa, na ugomvi wa huyo aliyeuza na shemeji yake, na chanzo cha ugomvi, kisha, wakati umeshakata tamaa, alirudi kwenye bei na kuitaja. Hakuacha jambo likining'inia. Raya, akiwa mtoto, alikaa chini ya meza ya cherehani akisubiri aone kama safari hii baba atapotea njia. Hakupotea. Huenda ndiyo sababu mtoto yule alikuja kusomea isimu, ingawa kwenye barua ya maombi ya chuo aliandika sababu nyingine.

Mtu huyo sasa alisema, "Mwenyewe akaja. Akalichukua."

Kanuni za utafiti, ambazo Raya aliziandika mwenyewe, zilikuwa wazi: mshiriki anayeshuka kwa kasi apelekwe kwa daktari wa mradi, na baada ya kupimwa aambiwe. Alimpigia Daktari Josephat siku hiyohiyo.

"Namba kumi na moja," alisema.

"Nimeiona. Huyo mzee mleteni wiki hii. Unamfahamu?"

"Ni baba yangu."

"Pole, Raya. Basi kanuni ni ileile, ila wewe usiwepo."

Mzee Farouk alipimwa. Alitaja siku, mwezi na mwaka, akakumbuka maneno aliyopewa akumbuke, akachora saa na mishale yake, na akamuuliza daktari nani alishona kiti anachokalia, kwa kuwa pindo limekwenda upande. Alama zake zilikuwa nzuri.

"Lakini hilo halitupi raha sana," Josephat alimwambia Raya kwa simu. "Wewe mwenyewe unasema sentensi hutangulia. Kipimo changu kinakamata waliokwisha kufika. Chako ndicho kinachokamata walioanza safari. Mwambie."

"Nitamwambia."

Hakumwambia. Ijumaa alikwenda Igogo kula kwa wazazi wake kama kawaida. Alimwamkia baba, akaitikiwa "Marahaba, mwanangu," akakaa kumtazama. Nyumbani kwao hapakuwa na mazungumzo watu wakila. Hiyo ilikuwa amri ya babu na haikuwahi kufutwa. Baba yake alikula wali na sato bila kusema neno, akachomoa miba kwa utaratibu, akaipanga ukingoni mwa sahani. Je, zamani alikuwa akiipanga? Raya hakukumbuka. Baada ya kula alimwita "Shamsia", jina la dada yake, akajisahihisha. Lakini hilo amelifanya tangu wakiwa wadogo. Akatafuta miwani iliyokuwa juu ya paji la uso wake. Hilo nalo ni la zamani. Halafu akalala kwenye mkeka.

Raya alijua vizuri kinachotokea: mtu akishakuwa na dhana, kila kitu hujipanga kuiunga mkono. Aliwafundisha wanafunzi wake hivyo. Kujua hakukumsaidia. Alimfuata mama yake jikoni.

"Mama, baba anaongea siku hizi?"

Bi Zakia aligeuka na sufuria mkononi. "Anaongea nini?"

"Anaongea tu. Kama zamani."

"Mwanangu, miaka yote hii nimeacha kusikiliza mpaka anapofika mwisho. Sasa unaniuliza mimi katikati yake?"

"Mwisho anafika?"

"Akichelewa naenda kuchota maji, nikirudi namkuta." Bi Zakia alimtazama kwa makini. "Una nini wewe? Umekonda."

"Kazi."

Ijumaa mbili zaidi zilipita hivyo. Raya alikula samaki, akamtazama baba, akarudi Buswelu bila kusema. Akiwa peke yake ofisini alizifungua rekodi za mwanzo, za kabla ya kushuka, akasikiliza sauti ya baba yake ikielezea jinsi alivyojifunza kazi. Mchoro wa sentensi moja haukuenea kwenye kioo cha kompyuta. Ilibidi ausogeze kwa kidole kutoka upande hadi upande kuyafuata matawi. Alipokuwa anaufuata alijikuta anatabasamu, na alipoona anatabasamu alifunga faili. Aliiona kazi yake yote ya miaka ile, na kwa mara ya kwanza alitamani iwe na makosa.

Siku ya kurekodi ya mwezi uliofuata aliamua kwenda na Akelo. Angeacha rekodi ifanyike, kisha angemwambia baba yake palepale kibandani, kwa kuwa mbele ya cherehani baba yake alikuwa imara kuliko mahali pengine popote.

Walimkuta na mteja. Mayala, mwenye boti mbili za kubeba mizigo kwenda visiwani, alikuwa amesimama mlangoni na funguo za pikipiki mkononi, kama mtu aliyetarajia kuondoka zamani. Raya na Akelo walikaa kwenye benchi nyuma ya rundo la vitambaa. Mzee Farouk aliwapungia mkono, hakukatiza alichokuwa anasema.

"Turubai lako, Mayala, uliloniletea siku ya mvua ile iliyong'oa mabati ya yule jirani yetu aliyehamia Buswelu baada ya mke wake kukataa kuishi karibu na mwalo wa boti, mwalo ambao yeye mwenyewe kabla hajaolewa alishinda akiuzia uji, na uji ulikuwa mzuri, nisimnyime haki yake, turubai hilo nimelimaliza, ila zile pete za kupitishia kamba ulizotaka nizitoe kwenye turubai la zamani, la marehemu mjomba wako, zimeshika kutu kiasi kwamba nikizitia humu zitakula kitambaa kabla hujafika Ukerewe, kwa hiyo nimetia mpya, na zile za zamani nimekuwekea kwenye kopo lile pale, kwa sababu najua mjomba wako alikuwa nani kwako."

Mayala aliangalia kopo. Akaangalia turubai.

"Mzee, mimi nilikuja kuuliza kama liko tayari."

"Si ndiyo nimekujibu?"

"Umenijibu, mzee. Nimetoka hapa nimefika Buswelu, nimekunywa uji, nimerudi." Alilichukua turubai begani, na kopo akalishika kwa mkono mwingine, kwa uangalifu zaidi. "Ahsante, mzee wangu. Kweli."

Bila kukusudia Raya alikuwa amezifuata njia zote: mvua ndani ya siku, jirani ndani ya mabati, mke, mwalo, uji, kisha kurudi, mlango mmoja mmoja, kila mmoja ukifungwa, mpaka kwenye turubai, na kutoka hapo kwenye pete, na mjomba. Hakuna kilichoachwa wazi. Mtu anayepoteza uzi asingeweza kushona kitu kama kile.

Mzee Farouk aliketi mbele ya kinasa sauti. Akelo alikiwasha. Mzee alinyoosha kanzu, akakohoa, akaanza kwa sauti ya mtu anayetangaza kuondoka kwa meli.

"Leo nitasema kuhusu ndoa yangu. Nilioa Igogo. Mke wangu anaitwa Zakia. Alikuwa mzuri. Bado ni mzuri."

Akamtazama Akelo. Akelo akainamisha kichwa kwa shukrani. Mzee akaendelea.

"Harusi ilikuwa Ijumaa. Watu walikuja. Walikula."

"Zima," Raya alisema akiinuka.

Akelo aliruka. "Dada Raya?"

"Zima, tafadhali. Baba, kwa nini unasema hivyo?"

"Hivyo vipi? Walikula kweli. Muulize mama yako."

"Sasa hivi na Mayala ulisema sentensi moja mpaka nikasahau nilichokuja kufanya. Hapa unasema maneno mawili unasimama. Kwa nini?"

Mzee Farouk alimtazama binti yake kana kwamba swali lilikuwa la mtu asiyejua kazi.

"Mayala ni mteja wa turubai," alisema. "Huyu ni mteja wa maneno. Kila mteja na kipimo chake."

"Kipimo gani?"

Akelo alikuwa ameinamisha kichwa. "Dada, labda ni mimi," alisema. "Unakumbuka ulinituma kwa mzee nikashonewe sponji za hedifoni?"

Raya alikumbuka. Sponji za hedifoni za ofisi zilikuwa zimechanika, na badala ya kuagiza nyingine Dar alimwambia Akelo azipeleke Igogo.

"Nikamletea," Akelo aliendelea. "Akaniuliza, mbona zimeisha upesi hivi? Nikamtania. Nikamwambia, mzee, ni wewe. Ni sentensi zako. Nazivaa asubuhi natafuta nukta, jioni bado sijaiona, masikio yamekuwa kama maandazi."

"Na yalikuwa mekundu," Mzee Farouk alisema. "Niliyaona. Mimi nimshonee mtu kitu kinachomuumiza halafu nimwambie avumilie? Mteja akisema panabana, fundi hagombani naye. Anarekebisha. Nikarekebisha."

"Tangu lini?" Raya aliuliza, ingawa grafu ilikuwa imeshamwambia.

"Tangu siku hiyo. Na si kazi ndogo! Unajua kukata sentensi kunavyochosha? Usiku nazipanga kichwani, hii nikate wapi, hii nikate wapi. Sponji nimemshonea nzuri, lakini nikasema dawa si sponji, dawa ni chanzo."

"Mimi nilishukuru tu," Akelo alisema. "Kazi ilikuwa inakwenda haraka. Nilifikiri mzee amezoea kinasa. Nimekosea nini, dada? Hujawahi kuniambia tunatafuta nini."

Hilo lilikuwa kweli, na Raya ndiye aliyelitaka liwe kweli. Alikaa tena kwenye benchi.

"Tunapima sentensi zinaingiaje moja ndani ya nyingine," alisema polepole. "Zikipungua kwa mzee, inaweza kuwa dalili kwamba akili inaanza kuchoka."

Mzee Farouk alivua miwani.

"Akili ya nani?"

"Yako, baba."

"Ulidhani nachanganyikiwa?"

"Nilidhani unaelekea huko."

"Ndiyo maana yule daktari akanichoresha saa! Na wewe ukanyamaza. Ijumaa zote hizo unanitazama ninavyomla samaki, nikamwambia mama yako, huyu mtoto ana njaa huko kwake au anataka kuolewa, mbona ananikodolea macho."

"Nilishindwa kukwambia."

Aliisema bila kupamba, kwa sauti yake ya kawaida ya mikutanoni, lakini mikono yake ilikuwa imeshika pembe ya kitambaa kimoja cha rundoni na haikuiachia. Baba yake aliiona mikono hiyo. Alichokuwa amekipanga kumwambia, na kilikuwa kirefu, alikiacha.

"Mimi mzima, mama," alisema.

Kisha Raya, kwa kuwa ndivyo alivyo, akauliza swali lililofuata.

"Baba, kuna mtu mwingine ulimwambia habari za masikio ya Akelo?"

Mzee Farouk alivaa miwani tena. "Rahim nilimwambia, tulipotoka msikitini. Na huyo Rahim akawaambia wale wa barazani. Sote tumo kwenye utafiti wako, tutamwacha binti wa watu aumie? Rahim yeye imemwia vigumu, anasahau, lakini anajitahidi."

Akelo alijifunika uso kwa mikono. Raya alikuwa anaiona grafu kichwani: mistari ya Igogo, ule uliokuwa unateremka taratibu, ule mwingine aliouandikia maelezo ya umri, na ya Ilemela na Kirumba iliyobaki ilivyokuwa kwa kuwa huko habari hazikufika. Wazee wote wa Igogo walikuwa wamekubaliana, bila kikao, kumwonea huruma mwandishi wake. Miezi yote ile haikufaa kitu. Alijaribu kukasirika, akaona anacheka, na Akelo alipoona anacheka akathubutu kuondoa mikono usoni.

"Unaona sasa?" Mzee Farouk alimwambia Akelo. "Nilikwambia si mkali. Anafanana na bibi yake tu."

"Nitawatoa wote wa Igogo," Raya alisema akipangusa macho.

"Utatutoa? Kwa kosa lipi?"

"Hakuna kosa. Mmejua kinachosikilizwa. Tena sasa mnajua na kinachopimwa."

"Basi mimi nirudi kuanzia mwanzo, niseme kwa urefu wangu."

"Haiwezekani, baba."

"Hata nikikufanyia bure?"

"Hata bure."

Mzee Farouk alisonya. Alikuwa ameupenda ule utafiti.

Jioni Raya alimpigia simu Daktari Josephat na kumweleza yote kwa mpangilio: sponji, masikio, baraza la Igogo. Josephat alicheka mpaka akakohoa, kisha akarudi kwenye udaktari wake.

"Kwa hiyo mzee ni mzima."

"Sijasema hivyo. Nimesema ushahidi kwamba anaumwa umefutika. Ushahidi kwamba ni mzima ni kitu kingine."

"Unao?"

Raya aliikumbuka ile sentensi ya Mayala. Alikuwa ameshaiandika kwa kumbukumbu, na alijua kwamba kumbukumbu ya binti si chombo cha kupimia.

"Alisema sentensi moja kabla hatujaanza. Matawi yake ni mengi kuliko ya mwaka jana."

"Mliirekodi?"

"Hapana."

"Basi haipo."

"Haipo," Raya alikubali. Kwa upande wa utafiti haikuwepo, na kwenye ripoti hakuitaja. Aliandika sababu ya kuwaondoa washiriki wa Igogo, akaeleza kosa la mpango wake mwenyewe, akapendekeza kwamba safari nyingine anayerekodi na anayeandika wawe watu tofauti wasiojulikana kwa wazee. Ilikuwa aya nzuri, fupi.

Ijumaa alifika Igogo mapema kuliko kawaida. Baba yake alikuwa barazani ananawa mikono, na Raya, baada ya kuamkia, alimuuliza jambo ambalo hakuwa amewahi kumuuliza: ilikuwaje akamwoa mama. Mzee Farouk alikausha mikono kwa kikoi chake, akamtazama kuona kama kuna kinasa sauti mahali popote. Akaanza na fundi aliyekuwa akimshonea nguo babu mzaa mama, na mguu wa yule fundi, na ajali iliyouvunja.

Bi Zakia alitokeza mlangoni. "Raya, chakula kinapoa. Mwambie baba yako anyamaze, mle."

"Siwezi, mama," Raya alisema. "Yuko katikati."